Taa ya Omena: shajara ya filamu bila kamera, Dunga

Naandika hii ili mtu akitaka kufanya kitu kama hiki Kisumu, Homa Bay, Busia ama popote pale asianzie sifuri kama mimi. Kazi yangu iko katikati ya filamu, maonyesho ya mwili na sanaa ya kuona, na huu mradi una zote tatu. Nitakuwa naongeza sehemu kila hatua ikiisha. Zile zilizoenda sawa nitazipitia haraka, zilizoharibika nitaziandika zote, na pesa pia.

Juni 3, 2025. Wazo, na safari ya Nakuru

Kila mtu amekulia huku anajua vile omena, wale dagaa wadogo wa Ziwa Victoria, inavuliwa. Usiku wa giza mashua zinatoka, taa zinaelea juu ya maji, zamani zilikuwa karabai sai nyingi ni za sola, samaki wanafuata mwanga, halafu neti inawazunguka. Ukisimama Dunga, ufuo wa wavuvi hapa Kisumu, saa tatu usiku unaona ziwa limejaa taa kama kuna mji mwingine upande ule. Hiyo picha nimeibeba tangu utotoni ju shangazi yangu, dada ya baba, ni mama wa omena, amenunua na kuanika na kuuza tangu sijazaliwa. Na kila nikiingia mahali pa giza projekta ikawashwa naona ni kitu kimoja, taa imewashwa na viumbe wamekuja. Kwa hivyo sitaki kupiga filamu ya omena. Nataka omena yenyewe iwe filamu, ibandikwe kwa mkanda fremu kwa fremu, halafu imulikwe hapo hapo ufuoni shangazi akiwa katikati ya ule mwanga.

Kutengeneza filamu bila kamera si jambo jipya. Len Lye, mtu wa Nyuzilandi, alikuwa anapaka rangi moja kwa moja juu ya mkanda kule London miaka ya 1930, na Stan Brakhage wa Marekani mwaka 1963 alibandika mabawa ya nondo na majani kwa utepe ikawa filamu. Hao wawili ndo walinipa moyo kwamba inawezekana bila pesa ya kamera.

Mkanda nimeupata Nakuru kwa mzee aliyekuwa anaendesha mashine ya sinema miaka hiyo kabla majumba yafungwe. Ni mkanda wa milimita 35, kama mita 300 hivi, filamu ya Kihindi ambayo mwanzo na mwisho wake havipo. Kabla ya kulipa niliangalia pembeni, neno SAFETY limepigwa pale, nikatulia. Ukipata mkanda wa zamani sana angalia hilo neno kwanza, ju mikanda ya kabla ya miaka ya 1950 mingi ilikuwa ya nitrati na hio inashika moto vibaya sana, usiuweke nyumbani. Rangi yote imeisha imebaki ya waridi tu, mikanda ya rangi ya zamani hugeuka hivo. Mzee aliniuliza mara mbili kama kweli nataka kuifuta picha zote nibandike omena. Nilimwambia ndiyo na nilihisi vibaya kusema, ameushika huo mkanda miaka mingi.

Gharama: mkanda 3,000, nauli kwenda na kurudi 1,800.

Juni 8. Kufuta picha

Hesabu kwanza, ju hapa ndo watu hukwama. Fremu moja ya mkanda huu ni milimita 19 urefu. Sinema ya kawaida inakula fremu 24 kwa sekunde, yaani mita moja ni sekunde mbili na kidogo tu. Mimi nataka dakika 5. Kwa fremu 24 hio ni fremu 7,200, siwezi kubandika hizo kwa mkono peke yangu. Nimeamua kwenda na fremu 12 kwa sekunde, kwa hivyo fremu 3,600, mita 68. Nimekata vipande 36, kila kimoja mita 1.9 ambayo ni fremu 100 kamili. Hiyo ya kukata fremu mia mia imenisaidia kuliko kitu kingine chochote, unajua uko wapi kila siku.

Kufuta unatumia jik, ile dawa ya klorini ya kung'arisha nguo nyeupe. Unachanganya kikombe kimoja na vikombe vitatu vya maji ya vuguvugu, unalaza mkanda dakika 5 hadi 10, ule utando wenye picha unalainika unausugua na sponji, suuza, anika kwa kamba ya nguo. Rahisi. Lakini siku ya kwanza nilifanya bafuni na mlango umefungwa, na huu mkanda wangu unanuka siki. Ile harufu ni dalili kwamba plastiki ya asetati imeanza kuoza na inatoa asidi, na asidi ikikutana na jik inatoa gesi ya klorini. Nilianza kukohoa, macho yakawaka, nikatoka nje nikakaa kwa ngazi karibu saa nzima nikivuta hewa. Tafadhali usirudie hiyo. Dawa yake ni kufanyia nje, upepo ukikupita kutoka nyuma, glavu, na kabla ya jik unalaza mkanda kwa maji yenye magadi nusu saa halafu unausuuza vizuri sana. Tangu nianze na magadi sijakohoa tena.

Kipande cha 22 sikukifuta chote. Kina uso wa mwanamke, mwigizaji ambaye simjui, anageuka kuangalia kitu nyuma yake, na kila fremu anageuka nywele moja zaidi. Nilikuwa na sponji mkononi na nikashindwa. Nimeacha fremu kama 40 zake hivo hivo za waridi.

Gharama: jik, glavu, magadi, beseni, 950 zote.

Juni 17. Karatasi ya magugu maji (imeshindwa)

Nilitaka skrini itoke ziwani pia. Magugu yako bure, yamejaa ghubani, mashua zingine hata kutoka hazitoki. Nilibeba kilo 20 kwa gunia, nikakata mabua vipande vya vidole viwili, nikachemsha na soda kali (ile ya kutengenezea sabuni, inachoma ngozi, usiguse), nikasuuza hadi maji yakawa safi, nikatwanga kwa kinu, nikachota na fremu ya mbao yenye wavu wa dirisha.

Shida ya kwanza ni kwamba magugu mabichi zaidi ya sehemu 9 kati ya 10 ni maji. Kilo 20 zikaniachia chini ya kilo moja ya nyuzi, zikatoa karatasi 14 tu ndogo ndogo. Skrini ya mita tano ingetaka lori. Shida ya pili, karatasi ya magugu matupu ikikauka inakuwa ngumu na inavunjika ukiikunja, na usiku umande ukishuka inalegea kama chapati iliyomwagikiwa chai. Nilijaribu kuongeza uji wa unga wa muhogo kama gundi, ikapata nguvu kidogo, lakini bado.

Nimeiacha kama skrini. Lakini nikashika kipande kimoja nikakiweka mbele ya taa, nikaona zile nyuzi, rangi ya chai ya rangi, zimepishana kama mishipa ya mkono wa mtu mzee. Hizo sasa zinaingia ndani ya mkanda. Vipande 9 vya kwanza vya filamu vitakuwa nyuzi tupu, maji kabla samaki hajafika.

Gharama: soda 600, makaa 400, mbao na wavu 850.

Juni 29. Kubandika omena

Hii ndo wiki imenifunza zaidi. Nilinunua gorogoro moja (ule mkebe wa kupimia) ya omena kavu, 200, kwa bei ya undugu. Mpango ulikuwa kuweka omena mzima kati ya mkanda na selotepu ya kung'aa. Makosa yalikuwa matatu na yalikuja moja baada ya lingine.

Kosa la urefu. Omena wa sentimita 5 akilala kwa mkanda anakula fremu mbili na nusu. Kwa fremu 12 kwa sekunde hiyo ni robo sekunde hivi, kichwa, tumbo, mkia, amepita, jicho halishiki kitu. Ukitaka mtu amwone samaki lazima umrudie, samaki mwingine wa saizi ile ile mahali pale pale kwa fremu inayofuata, na wa tatu, na wa nne. Kwa hivyo nimewakata. Vichwa kwa vichwa, mikia kwa mikia, nikavipanga kwa sahani kulingana na saizi. Kipande cha 15 ni vichwa 100, kila fremu kichwa kimoja kikiangalia kushoto. Ilichukua siku nzima na macho yaliniuma lakini ukipitisha kidole kwa ule mkanda unahisi vimo vyote kama kuhesabu tasbihi.

Kosa la mafuta. Omena ina mafuta hata ikikauka. Baada ya siku mbili selotepu ikaanza kuachia, ndani kukawa na madoa ya njano, na asubuhi ya siku ya tatu nikakuta siafu wadogo wamepanga mstari kutoka dirishani hadi kipande cha 12 na wamekula karibu chote. Nimelia, sitaficha. Dawa: loweka omena kwa spiriti ya kupangusia usiku mmoja, toa, anika kwa jua kali siku mbili juu ya gazeti, ndo ubandike. Halafu miguu ya meza ndani ya mikebe ya maji yenye matone ya mafuta ya taa. Hiyo ya mikebe ni ya shangazi, ndo anavyolinda kabati lake la sukari.

Kosa la tatu sikulijua hadi nilipoanza kupiga picha, liko hapo chini.

Gharama: omena 200, spiriti 420, selotepu roli 10 kwa 800.

Julai 12. Kuingiza kwa simu

Mashine ya kuonyesha mkanda halisi huku hatuna na hata tungekuwa nayo, mkanda wenye vichwa vya samaki ungeivunja. Kwa hivyo kila fremu inapigwa picha na simu.

Kifaa alinitengenezea fundi wa jua kali pale Kibuye, hapa Kisumu: plaiwudi, shimo, chini yake taa ya LED, juu ya shimo kipande cha plastiki nyeupe inayopitisha mwanga, na mkono wa chuma unaoshika simu ikiangalia chini. Nilimwelezea shida yangu ni mkanda kutembea, fremu moja ikikaa juu na nyingine chini picha itaruka ruka kama ina homa. Akachukua vitundu vya pembeni vya mkanda akaviangalia, akaenda akarudi na spoku ya baiskeli. Spoku ni milimita 2, kitundu cha mkanda karibu hivo hivo. Akaipiga tupa kidogo, akasimamisha misumari minne ya spoku kwa mbao, na mkanda ukakaa pale kama umezaliwa hapo. Unainua, unasogeza vitundu vinne, unashusha, unapiga. Mimi nilikuwa nimepanga kuagiza kitu kutoka nje. Huyo fundi alimaliza kwa dakika 40.

Picha za kwanza 300 zote nimetupa. Moja, zina mistari meusi inayotembea. Taa ya stima yetu ya 50 Hz inapepesa mara 100 kwa sekunde na simu inapiga haraka kuliko hapo, inashika mpepeso. Funga kasi ya shata (muda simu inaacha mwanga uingie) iwe sekunde 1/50 ama 1/100, mistari inaisha. Mbili, simu ilikuwa inajirekebishia mwanga yenyewe kila fremu, moja nyeupe nyingine ya bluu. Funga mwanga, funga rangi, funga fokasi, vyote viwe vya mkono.

Halafu lile kosa la tatu. Omena ni fedha. Ndo maana ya omena, ule mng'ao, ukimwagwa kwa neti juani kama mtu amemwaga sarafu. Na kwa picha zangu wote walikuwa weusi. Weusi kabisa, kama wameungua. Nilikaa nayo siku mbili kabla nielewe: mwanga unatoka chini, samaki haupitishi, kwa hivyo unaona kivuli chake tu. Fedha haina rangi yake yenyewe, inarudisha mwanga unaoipiga mbele. Sasa nimepunguza taa ya chini hadi imebaki kidogo tu na nimeweka tochi pembeni, imelala chini kabisa, inapiga magamba kwa mshazari. Ghafla magamba yakawaka, na nyuma yake nyuzi za magugu zikabaki kahawia. Nikaita watu wa ploti waje waone kwa simu.

Fremu 3,600 zimechukua masaa 13 kwa siku nne. Nimeziunganisha na Kdenlive, programu ya bure, unaiambia isome mfululizo wa picha kwa fremu 12, laptopu yangu ya zamani imeiweza. Dakika 5 kamili.

Gharama: fundi 1,500, taa 1,200, plastiki 450.

Julai 19. Skrini na upepo

Nilishona skrini ya turubai nyeupe mita 5 kwa 3, 4,200 na kushona ndani. Tulisimamisha kwa miti saa kumi jioni ufuoni ili tujaribu kufunga kamba. Saa kumi na dakika kumi ilikuwa imeng'oa mti mmoja na kupasuka katikati. Mzee mmoja wa mashua alikuwa anatuangalia muda wote akishona neti yake. Akaniambia, "Binti, hiyo umetengeneza tanga, na tanga kazi yake ni kwenda." Halafu akanifundisha: mchana upepo unatoka ziwani unakuja nchi kavu, na kuanzia saa tisa hadi kumi na mbili ndo mkali, jua likizama unakata, kunakuwa kimya, na usiku ukiingia sana unageuka unatoka nchi kavu kwenda ziwani. Kwa hivyo usisimamishe kitu chochote kabla ya saa moja usiku, na ukisimamisha kiache hewa ipite.

Nilimuuliza ni kitambaa gani kinaacha hewa ipite. Akainua ile neti kwa magoti yake, hata hakusema kitu.

Sasa skrini ni chandarua. Vinne vya zamani vyeupe vilivyotoboka, nimeomba kwa majirani, nimevifua, nimeviunganisha. Na hapa kazi yote imebadilika. Neti inashika picha nusu, mwanga mwingine unapita, unaangukia mtu aliyekaa nyuma. Kwa hivyo omena inaogelea mara mbili, kwa neti, halafu kwa mwili wa shangazi. Singewahi kufikiria hiyo kama turubai lisingepasuka. Kwa sababu mwanga unapotea nimepunguza picha kutoka upana wa mita 5 hadi 3, na hapo inang'aa karibu mara tatu zaidi bila kubadilisha projekta.

Gharama: turubai 4,200 (imeenda), kushona neti 600, miti 4 kwa 600.

Julai 27. Onyesho la jana, lililoshindwa

Nilichagua Jumamosi tarehe 26 ju mwezi ulikuwa umeandama juzi tu, Alhamisi, nikitaka giza la kutosha. Nilikuwa naota wavuvi wamekaa mchangani wanaona samaki wao. Saa mbili usiku kulikuwa na watu 11, sita wao watoto. Wavuvi wote walikuwa kazini. Bila shaka walikuwa kazini! Giza ndo siku ya omena, mwezi ukijaa ndo wanapumzika kwa sababu samaki hawaji kwa taa kukiwa na mbalamwezi. Nimekua nikijua hiyo. Niliona taa zao pale mbali, zaidi ya hamsini, na mimi na taa yangu moja huku ufuoni hakuna mtu.

Na projekta niliyokodisha mjini haikuwa na mwanga ulioandikwa kwa boksi hata robo. Iwashe pale pale dukani kabla ya kulipa, jioni, mlango wazi.

La tatu ndo liliniuma. Nilikuwa nimempangia shangazi miondoko. Ainue mkono hapa, ageuke pale, asimame taa ikibadilika. Alifanya yote kama nilivyosema na alionekana kama mtu anapigwa picha ya kitambulisho. Tulipokuwa tunakunja neti nilimwambia, waya (ndo shangazi kwa Kijaluo), samahani nimekuchosha. Akasema, "Nyathina (mwanangu), mimi siwezi kuigiza. Lakini ukiniweka pale na omena yangu, nitafanya kazi, na nyinyi mtaangalia."

Gharama: projekta 3,500, jenereta 2,000, petroli 900, boda 700, shangazi 2,500. Analipwa kila mara, hata ya majaribio, yeye hakutaka lakini hilo halijadiliwi.

Agosti 10. Jaribio chini ya mwezi mpevu

Jana mwezi ulikuwa mzima, wavuvi wako nyumbani. Swali lilikuwa kama mbalamwezi itaosha picha. Haioshi. Kilichokuwa kinaosha ni taa mbili za usalama za hoteli jirani, na mwenyewe alikubali kuzizima kwa lisaa limoja nikimwomba mbele ya wazee wa kamati ya ufuo. Nenda kwa kamati kwanza kila mara, hata kama ufuo ni wa umma, wao ndo wanajua nani analala wapi na viboko wanatokea upande gani. Projekta ya duka lingine, 3,000, iko sawa.

Shangazi alikuja na uteo, gunia, gorogoro na kitambaa chake cha kichwa cha kila siku. Alikaa nyuma ya neti akachambua. Anapepeta, anatoa mchanga na vijiti, anarudisha, anajaza gorogoro hadi inakuwa na kilima, anapapasa kile kilima mara mbili, anamwaga. Mikono yake haiangalii. Magamba ya filamu yakawa yanapita juu ya mikono inayochambua magamba, na ile sauti ya omena ikimwagika kwa bati, kama mvua ya kwanza juu ya mabati. Nikazima muziki wote niliokuwa nimetayarisha. Wiki mbili za kazi na siujutii.

Sauti: nimenunua kile kisahani kidogo cha piezo, kinachoshika mtetemo kama maikrofoni, cha shilingi 100, nimekibandika chini ya uteo, waya hadi spika. Ilinguruma vibaya, ni jenereta inaingia kwa waya. Spika ikiwa ya betri yenyewe, bila kugusa jenereta, ngurumo imekwisha.

Mwezi mpevu unaofuata ni Jumapili Septemba 7. Nikaangalia kalenda kuhakikisha nikakuta ni usiku wa kupatwa kwa mwezi, kupatwa kamili, na huku kwetu kunaonekana vizuri, kuanzia saa mbili na nusu usiku hadi saa nne kasoro dakika 8. Wavuvi watakuwa nchi kavu, na giza litakuja lenyewe. Nimekaa na simu mkononi nikiangalia hizo saa.

Gharama: projekta 3,000, jenereta 1,500, petroli 500, piezo na waya na kulehemu 450. Shangazi alikataa ya jana kabisa, nikamchukulia gunia la chumvi badala yake, akasema lihesabiwe ndani ya zile 2,500 za kwanza, kwa hivyo sijaliongeza hapa.

Septemba 8. Jana usiku

Sijalala vizuri kwa hivyo hii itakuwa ndefu hapa na fupi pale.

Neti ilisimama saa moja na robo, hewa imetulia. Watu walianza kuja mapema, wavuvi na familia zao, mama wa samaki, vijana wa boda, sikuhesabu lakini mchanga ulijaa na wengine wakakaa ndani ya mashua zilizovutwa nje. Saa moja na nusu mwezi ukaanza kuliwa pembeni, watu wakawa wanaangalia juu sio kwangu, na nikaona hiyo ni sawa, sikuwasha kitu. Mawingu yalikuwa yanapita. Ulipoiva mwekundu wote nikawasha.

Tulionyesha ile dakika 5 mara nne mfululizo, shangazi hakusimama hata mara moja, alichambua magunia mawili. Mzunguko wa kwanza kimya. Wa pili watu wakaanza kuita, "hizo ni nyuzi za magugu!", "hicho ni kichwa!", mtoto mmoja akawa anahesabu vichwa kwa sauti. Kipande cha 22, yule mwanamke wa waridi akageuka, na uso wake ukatua kwa mgongo wa shangazi. Mama mmoja mbele yangu akauliza jirani yake huyo ni nani, na jirani akamjibu bila kusita, "Ni yeye akiwa msichana." Nilinyamaza.

Mzunguko wa tatu kitu kikaharibika. Kijana mmoja wa mashua alikuwa na taa yake ya omena, ile ya sola, na kwa sababu ya giza akaiwasha ili atafute kiatu chake, akiwa upande wa nyuma ya neti. Mwanga mweupe mkali ukafuta filamu yote. Nilianza kukimbia kumwambia azime. Lakini kabla nifike nikaona neti kutoka mbele: kivuli cha shangazi, mkubwa, mweusi, umeenea mita tatu zote, na uteo ukiinuka na omena zikiruka hewani moja moja, unaweza kuziona kila moja. Filamu ilikuwa imebaki kwa pembeni tu. Nikasimama. Nikamwambia kijana, omera (ndugu yangu), usizime, ishushe pole pole. Akaishusha chini hadi mchangani, samaki wa filamu wakarudi, akaiinua tena, wakapotea akabaki shangazi. Tulifanya hivo mzunguko wote wa nne, mimi nikimwonyesha kwa mkono.

Mwezi ukaanza kurudi mweupe tukiwa tunakunja. Mzee wa tanga alikuja akashika neti, akaangalia mishono yangu akasema ni mibaya, akakaa chini akaanza kuishona upya.

Gharama: projekta 3,000, jenereta 2,000, petroli 900, tuktuk 800, mchango wa ufuo 1,000, shangazi 2,500.

Septemba 14. Hesabu na vilivyobaki

Jumla tangu Juni ni shilingi 42,820, zote za mfukoni na za kazi za picha za harusi. Kati ya hizo 15,650 zilienda kwa vitu vilivyoshindwa: karatasi, turubai na onyesho la Julai. Ukianza na chandarua na mwezi mpevu utazihifadhi hizo.

Vipande 36 viko ndani ya ndoo yenye mfuniko na mchele wa kunyonya unyevu. Cha 15 kimeanza kuwa na ukungu kwa vichwa kama kumi, nakianika leo. Mkanda uliobaki, zaidi ya mita 200, bado ni wa waridi, na nimempigia mzee wa Nakuru kumwambia siufuti tena, nitamrudishia Oktoba.

Taa ya kijana wa mashua sasa iko kwa mpango wa onyesho, ya kuazima, lakini kwa sababu anaenda nayo kazini itapatikana siku za mbalamwezi tu. Onyesho lijalo ni Novemba 5, mwezi ukiwa mzima tena. Shangazi ameuliza kama anaweza kuja na wenzake watatu na uteo zao.